Kamba ya Mafundo Kumi na Manne

Kabla bunduki hazijapanda milima ya Upare, wakati misafara ya pwani ilipokuwa ikipita tambarare kule chini bila hata kuinua macho, palikuwa na nchi ndogo iliyoitwa Ikongwe. Ilikuwa nchi ya wahunzi. Watu wake walivaa ngozi za mbuzi zilizolainishwa kwa mafuta, wazee wakajifunga kaniki zilizopandishwa kutoka masoko ya bondeni, na kila mwanamke aliyeolewa alivaa bangili za chuma miguuni, zikalia anapotembea hata mumewe akajua yuko wapi. Mikuki ya Ikongwe ilisifiwa mpaka Uchagani, na majembe yake yalilima mashamba ya watu ambao hawakuwahi kuiona nchi yenyewe.

Chuma hicho hakikuchimbwa. Kilichotwa mitoni. Baada ya kila mvua, vijito vya milimani vilishusha mchanga mweusi, mzito, na wanawake wa Ikongwe waliingia majini mpaka magotini, wakauosha mchanga huo katika mabakuli mapana ya mti mpaka ule mwepesi ukaenda zake na mweusi ukabaki. Ndio uliopelekwa tanuruni. Wanaume walifua vyuma na kusifiwa. Wanawake waliosha mchanga na kuumwa migongo. Ndivyo mambo yalivyopangwa, na aliyeyapanga hakuwa mwanamke.

Hodari wa kazi hiyo alikuwa Nakijwa, mjane wa mhunzi, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mfupi, mwenye mikono mipana na ulimi uliowafanya wanaume wapite njia ya mbali. Akitiwa mchanga kiganjani, macho ameyafumba, aliweza kuutaja mto ulikotoka. Alikuwa na mtoto mmoja tu, Namsemba, na Namsemba mwaka huo alikuwa mjamzito wa kukaribia kujifungua.

Mwaka huo ndio Mfumwa Ngoto wa Kihungwi, mtawala wa mabonde ya magharibi, alipoitamani Ikongwe na matanuru yake. Mara mbili alijaribu kuuvunja ukuta wake wa miti na miiba, na mara mbili akarudi na majeruhi. Mara ya tatu akatumia akili. Alipeleka mashujaa mia tatu wenye ngao za ngozi ya nyati wakapiga kambi juu ya mfongo, ule mfereji ulioleta maji kutoka mtoni hadi kwenye ndiva, bwawa la kijiji. Wakauziba kwa mawe na udongo, kisha wakaketi kando yake wakala nyama. Ilikuwa kipupwe, msimu ambao ukungu hulala juu ya vilele lakini bondeni halianguki tone. Ngoto hakuhitaji kurusha mshale hata mmoja. Alihitaji subira tu.

Mfumwa Kirumbi wa Ikongwe alikwenda kuipima ndiva kwa fimbo yake, akarudi, akamwita Nakijwa mbele ya wazee.

"Mama Namsemba," alinena, "maji yaliyobaki ni ya siku kumi na nne, nayo kwa kunywa tu. Siku ya kumi na nne tutatoka, wanaume kwa wanawake, tukapiganie mfongo wetu. Tukitoka peke yetu tutakufa. Watani wetu wa Mvureni, ng'ambo ya mlima, wana mikuki mia nne, na kwa ahadi ya damu wanapaswa kuja. Nimetuma vijana wawili kwa njia ya bonde. Vichwa vyao vimerudishwa."

"Kwa hiyo sasa mnataka changu," alisema Nakijwa.

Wazee wakakohoa. Mfumwa hakukasirika, alikuwa amemzoea.

"Msitu wa juu haulindwi. Hakuna mtu anayekaa kule, wala Ngoto hafikirii kwamba kuna mtu anayeweza kupita. Lakini wewe umepanda vijito vile kuliko wote."

"Nimepanda mpaka mchanga unapokwisha, Mfumwa. Juu ya hapo sijui chochote."

"Juu ya hapo hakuna anayejua," alijibu Mfumwa, na alikuwa mkweli.

Ndipo akazitoa kamba mbili zilizosokotwa kwa gome moja, kila moja na mafundo kumi na manne. Hizo ndizo kamba za ahadi, na katika milima ile hazikuwa mchezo. Moja ilibaki kwa Mfumwa, ya pili ikafungwa kiunoni mwa mjumbe. Kila asubuhi, huku na kule, fundo moja lilifunguliwa, na siku kamba ilipokuwa wazi ndiyo siku ya ahadi. Hakuna aliyeruhusiwa kuongeza fundo isipokuwa yule aliyezifunga. Kamba isiyo na fundo ilihesabiwa kuwa imekufa, na watu hawakuinua mkuki kwa ajili ya kamba iliyokufa.

Jioni hiyo mwezi uliandama, mwembamba kama ukucha. Kulipokucha, Namsemba alimsindikiza mama yake mpaka kwenye kitalu cha migomba, tumbo mbele, amemshika mkono.

"Mama, usipofika?"

"Nitafika."

"Na ukipotea?"

"Mwanangu, mimi nimepotea katika ukoo wa baba yako miaka ishirini na mitano na nikaishi. Rudi ndani ukalale, na maji yako usimgawie mtu."

Akavua bangili za miguuni zisije zikamsaliti, akazitia katika mfuko, akaondoka. Alibeba kisu, bakuli lake la kuoshea mchanga, unga wa ndizi kavu wa siku nne, na moto. Moto huo aliubeba kwa namna ya wahunzi: katika kipande cha bomba la udongo la mivukuto alishindilia kuvu kavu la mtini, akalitia kaa, akaziba pande zote mbili. Ukiutunza hivyo, moto hupumua polepole na hudumu siku nzima bila kuonesha moshi.

Siku mbili za kwanza zilikwenda vizuri. Alipanda kijito kimoja mpaka mchanga mweusi ukawa haba, akafungua fundo la kwanza, akapanda tena mpaka miti ikawa minene yenye ndevu za kuvu, akafungua la pili. Siku ya tatu, karibu na kilele, ukungu ulishuka.

Nakijwa alikuwa ameuona ukungu maisha yake yote, lakini kutoka chini. Kuwa ndani yake lilikuwa jambo jingine. Akinyoosha mkono, vidole vinapotea. Alitembea tangu asubuhi, akaona mbele yake nyayo za mtu, akafurahi, akazipima kwa mguu wake, akakuta ni zake. Akatembea tena, akakuta nyayo ziko mbili mbili. Mara ya tatu aliinua mguu kuukanyaga mzizi, na mzizi haukuwapo, wala ardhi haikuwapo. Akajitupa nyuma, akasikia jiwe alilolisukuma likianguka kwa muda mrefu sana. Kifundo cha mguu kikateguka. Akakaa chini, akaitukana jamaa yote ya Ngoto mpaka kwa bibi yake.

Kisha akafikiri. Kwa mguu ule na ukungu ule, kutembea kulikuwa njia fupi ya kufa. Mjumbe aliyekufa hafikishi neno. Alitambaa mpaka alipousikia mlio wa maji, akachota mchanga wa chini, akauzungusha bakulini. Ulikuwa mweusi, laini, wa nyumbani. Maana yake bado alikuwa upande wa Ikongwe. Akikifuata kijito kile kuteremka kingemtoa moja kwa moja kwenye kambi ya Ngoto. Ilimpasa aukate mgongo wa mlima, na mgongo wa mlima huukati usipouona. Basi angengoja ukungu uinuke. Hatua kumi kutoka kijitoni palikuwa na mti mkubwa mno, shina lake limeoza ndani likaacha uwazi wa kutosha kulala watu watatu. Akaingia, akauamsha moto wake, ukawaka. Hapo tu ndipo alipolia kidogo, kisha akanyamaza kwa kuwa hapakuwa na wa kumbembeleza.

Yakaanza maisha ambayo hakuyategemea.

Njaa ndiyo iliyokuwa hofu yake ya kwanza, na njaa haikuja. Chini ya mawe ya kijito palikuwa na kaa, wazembe, wasiojua binadamu ni nini. Waliokotwa na wakaingia motoni wakiwa bado wanashangaa. Kwenye magogo kulikuwa na uyoga wa rangi ya maziwa, ule ule alioufundishwa na nyanya yake. Katika ufa wa mti aliona nyuki wadogo wasiouma wakiingia na kutoka, akapanua ufa kwa kisu, akapata asali nyembamba, chachu kidogo, akailamba mpaka kwenye viwiko. Akasokota mtego wa gome na kuutega kwenye njia ya perere, yule mnyama wa mitini mwenye manyoya, mnene kama sungura, ambaye sauti yake ni kubwa kuliko mwili wake mara kumi. Akamnasa.

Nakijwa alimchuna, akambanika, akaketi mbele yake. Huko Ikongwe maini yalikuwa ya wanaume. Mwanamke aliyekula maini, walisema, atazaa watoto wakaidi. Nakijwa aliyatazama maini ya perere. Akatazama kushoto, ukungu. Akatazama kulia, ukungu. Akayala. Yalikuwa matamu kiasi kwamba alikasirika, akihesabu miaka yote aliyoyapika akawapelekea wengine.

Aliona haya kwa kushiba. Alikumbuka ndiva inapungua, akamkumbuka Namsemba, akaliweka tonge chini. Lakini mwili una mambo yake. Tangu akiwa mtoto wa miaka saba hakuwa amewahi kukaa bila mtu kumwita: Nakijwa leta maji, Nakijwa mchanga uko wapi, Nakijwa mama mkwe anakutaka. Hapa hakuna aliyemwita. Mgongo, uliouma miaka ishirini, ukaacha kuuma bila kuaga. Wakati mwingine alijikuta anaimba, akajiziba mdomo kwa aibu, kisha akaendelea kuimba puani.

Kila alipoamka alifungua fundo. Hili hakulisahau hata mara moja, na hapo ndipo alipokosea.

Maana ndani ya ukungu ule hapakuwa na jua wala kivuli. Weupe ulififia ukawa kijivu, kijivu kikawa giza, giza likarudi kuwa kijivu. Mtu wa Ikongwe anaujuaje usiku? Husikia perere akilia. Kule kijijini perere halii kamwe mchana. Akilia, akina mama hufunga milango na wazee huacha mazungumzo. Nakijwa alilelewa na sauti hiyo. Kwa hiyo kila perere walipolia juu ya mti wake na mwanga ukafifia, alifunika moto kwa majivu, akajikunja katika ngozi yake, na kwa uchovu wa mguu uliovimba akalala mara moja. Akiamka palipo na mwanga, akasema asubuhi imefika, akafungua fundo. Likaja la tano. Likaja la tisa. Ukungu haukuinuka. Mguu ulipoanza kumbeba alijaribu kuondoka, na kila mara alirudi kwa kuufuata moshi wake mwenyewe.

Alipobakisha mafundo matatu hakula. Alipobakisha moja alisimama nje ya mti akaupigia ukungu kelele, akautukana, kisha akausihi, akauita mama na baba. Perere wakalia, akalala. Akaamka, akalishika lile fundo la mwisho kwa muda mrefu, vidole vikikataa. Ahadi ni ahadi. Akalifungua.

Kamba ikawa wazi. Basi leo wametoka, aliwaza. Sasa hivi Namsemba anatembea na tumbo lile kuteremkia mfongoni, ameshika jembe, anainua macho juu mlimani kuwatafuta watani, na hakuna mtu.

Nakijwa aliketi siku ile nzima bila kuutia moto kuni. Hatutasema mengi juu ya kilio chake, maana kila aliyezika anakijua. Alimlilia mwanawe kwa jina, akamlilia mtoto ambaye hakuwa na jina bado, akajilaani kwa kila kaa aliyemla akiwa na raha.

Lakini kesho yake alikuwa bado hai, na mtu aliye hai hupata baridi. Akauwasha moto. Hapakuwa na pa kurudi tena. Chini alikuwa Ngoto, na ng'ambo walikuwa watani, nao angewapelekea nini, kamba iliyokufa? Akasema kwa sauti, "Basi nitakaa hapa," na alishangaa kwamba sauti yake haikutetemeka. Akaufunika mlango wa mti kwa majani mapana. Akachimba kijimfereji kidogo kutoka kijitoni, hatua kumi, maji yakaja mpaka mlangoni pake, akacheka peke yake: Nakijwa naye ana mfongo wake, wala hana haja ya kuomba zamu. Huzuni ilikuwapo, nzito, imekaa pembeni yake kama mgeni asiyeaga. Lakini pembeni yake tu, na upande mwingine palibaki nafasi. Alivaa bangili zake tena ili asikie kitu kikilia anapotembea.

Siku ile ile, alasiri, upepo ulivuma kutoka mashariki, na ukungu ukapasuka.

Kwanza aliona anga. Kisha akaona mgongo wa mlima, karibu, karibu kabisa, mahali ambapo angeweza kutupa jiwe mara tatu akafika. Akauma mdomo kwa uchungu. Kisha akaona mwezi.

Ulikuwa mashariki, umepauka katika mwanga wa jua, umevuka nusu lakini upande mmoja bado haujajaa. Nakijwa aliutazama kama mtu anavyomtazama jamaa aliyeambiwa amekufa. Mwezi uliandama jioni ya kabla ya safari. Siku kumi na nne zikipita, unakuwa mzima. Zikipita kumi na tano, kumi na sita, hauonekani kabisa alasiri. Unangoja jua lizame. Huu hapa ulikuwa mwezi wa siku ya kumi.

Akahesabu kwa vidole, akarudia, akavua bangili akahesabu kwa hizo. Kumi. Mafundo kumi na manne na siku kumi. Na wakati huo huo, juu ya mti wake, jua likiwaka, kipande cha ukungu kilipita kikatia kivuli, na perere mmoja akalia kwa nguvu zake zote, mchana kweupe.

"Mshenzi wewe!" alipaza sauti Nakijwa. "Kumbe!"

Hakuchukua kitu isipokuwa moto, bakuli na kamba tupu. Aliukata mgongo wa mlima kabla jua halijazama, akalala upande wa pili, na kulipopambazuka akaanza kuonja vijito. Cha kwanza kilikuwa na mchanga mweupe mtupu. Cha pili kilikuwa na mchanga wa kahawia unaometameta, wenye vipande kama magamba ya samaki. Mchanga ule ule ambao watani wa Mvureni huuleta na kuusifia, na wahunzi wa Ikongwe huucheka. Akakishuka hicho mbio, akichechemea, akianguka, akiinuka.

Alifika Mvureni alasiri ya siku ya kumi na moja, nywele zimejaa kuvu, ngozi yake imechanika, amenona.

Mfumwa Mrindoko wa Mvureni alikuwa mzee wa mwili mkubwa, mwenye joho la ngozi za pimbi na mkuki mrefu wa Ikongwe. Alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akanyoosha mkono, akapewa kamba, akaipitisha vidoleni polepole mbele ya wapiganaji wake.

"Mtani," alisema, "siku nyingine ningekutania. Leo siwezi. Kamba hii haina fundo."

"Najua, Mfumwa. Lakini siku tatu bado zipo. Tazama mwezi."

"Mwezi unaniambia leo ni siku gani. Hauniambii Kirumbi alifunga kamba siku gani. Hilo nalisikia kwako tu." Akaiweka kamba magotini. "Nikiiamini kamba, Ikongwe imeshaanguka, na Ngoto ameketi kwenye mfongo wenu akiwangoja watu wangu. Nikikuamini wewe, nawapeleka vijana mia nne kwa kamba iliyokufa. Wakiangamia, nitawaambia nini mama zao?"

Nakijwa alielewa kwamba mzee alikuwa na haki. Alielewa pia kwamba kilichobaki kuitetea Ikongwe ni jambo moja, ambalo angependa afe nalo. Alikuwa amejiandaa kuwasimulia mateso. Kila mtu alikuwa anangoja mateso. Yaliandikwa kwenye nyuso zao.

"Mfumwa," alisema, "mafundo hayakufunguliwa na siku. Yalifunguliwa na usingizi wangu. Nililala mara mbili kila siku."

"Mjumbe wa vita alilala mchana?"

"Nililala mchana, nikaamka, nikala kaa, nikalala tena. Nilidhani ni usiku kwa sababu perere walilia. Nilikuwa nimeshiba, Mfumwa. Nilikula asali. Nilikula..." Akasita, akawatazama wanaume wote wale wenye mikuki. "Nilikula maini ya perere, mimi mwenyewe, yote, na yalinipendeza. Niliimba. Mtu mwenye njaa na hofu angelala nusu jicho, angejua mchana na usiku. Mimi nililala kama paka jikoni, na watu wangu wanakufa kwa kiu. Niiteni mtakavyo. Lakini siku bado zipo."

Kisha kijana mmoja nyuma akapaliwa na kicheko, akajaribu kukiziba, mwenzake akashindwa, na Mvureni yote ikacheka, kicheko cha watani, cha kushikana mabega. Nakijwa alisimama katikati yake uso ukimwaka, machozi yakimtoka, hakuinamisha kichwa.

Mwindaji mmoja mzee, ambaye hakucheka, akasogea mbele. "Mfumwa, hilo la perere ni kweli. Kule juu, katika ukungu mzito, hulia hata saa sita mchana. Nimelala mchana mara nyingi kwa sababu yao. Mtu wa chini hawezi kulijua hilo, wala hawezi kulitunga."

Mrindoko alijifuta macho. "Sijawahi kumwona mwongo anayekuja kuomba jeshi kwa kujifanya mlafi," alisema. Akaikata ile kamba vipande viwili kwa kisu, akavitupa. "Mikuki juu. Wewe mtani, unaweza kutembea?"

"Naweza. Na nitawapitisha ambako Ngoto hajaweka hata mlinzi mmoja."

Siku ya kumi na nne, jua lilipopiga vilele, lango la Ikongwe lilifunguliwa. Walitoka wahunzi na nyundo zao, wazee na mikuki ya ujana wao, wanawake na majembe, midomo imepasuka. Mashujaa wa Kihungwi waliinuka kwa raha, wakachukua ngao, wakajipanga kuelekea chini. Hapo ndipo baragumu la pembe ya tandala lilipolia nyuma yao, kutoka juu, kutoka kwenye msitu ambao haupitiki, na watu mia nne wa Mvureni wakateremka wakifuata kijito cha mchanga mweusi, mishale ikitangulia. Ngoto mwenyewe alikimbia bila ngao yake. Kabla ya adhuhuri mawe yalikuwa yameondolewa, na maji yakaingia mfongoni, machafu, yenye matope, na watu wakalala kifudifudi wakayanywa hivyo hivyo.

Nakijwa hakunywa. Alikuwa anageuza nyuso, akimtafuta mwanawe. Alimkuta Namsemba ndani ya ukuta, hakuwa ametoka, kwa kuwa usiku wa kuamkia juzi alikuwa amejifungua. Alikuwa amemkumbatia mtoto wa kike, mdogo, mkavu, mwenye hasira. Nakijwa aliwakumbatia wote wawili, ndipo akaenda kuwachotea maji.

Historia ikaanza kazi yake hata kabla vidonda havijapona. Mfumwa Kirumbi alimpa ng'ombe na haki ya kuketi barazani na wazee. Waimbaji wakatunga wimbo. Katika wimbo huo Nakijwa alitangatanga siku kumi akila mizizi michungu, chui wakamzunguka, akalala juu ya mawe, akawa mifupa mitupu. Watani wa Mvureni walioujua ukweli waliupenda wimbo vile vile. Kila ulipoimbwa waliitikia kwa nguvu, wakamkonyeza. Nakijwa hakusahihisha kitu. Wanawake walipolia, naye alijifuta macho kwa pembe ya kaniki yake mpya.

Wazee walikufa, na jina la Ngoto likabaki la kutishia watoto. Wimbo ungali unaimbwa, na bado una chui.

Ila kuna jambo ambalo halimo katika wimbo, nalo lilijulikana kwa mtu mmoja tu. Mwaka uliofuata, kipupwe kilipofika na ukungu ukalala juu ya vilele, Namsemba alimkuta mama yake alfajiri akishindilia kuvu ndani ya bomba la udongo, kisu kiunoni, mtego mpya begani.

"Mama, unakwenda wapi na baridi hii?"

"Juu."

"Kufanya nini? Nani amekutuma?"

"Hakuna aliyenituma," alijibu Nakijwa, na Namsemba hakuwa amewahi kuisikia sauti ya mtu ikifurahi namna ile. "Nitarudi mwezi ukijaa. Mtunze mtoto, na maini mpe naye ale."

"Na watu wakiniuliza?"

Nakijwa alikuwa ameshafika kwenye migomba. Akageuka.

"Waambie mama amekwenda kuteseka."